Mkono Mmoja wa Hester Garroway

Hapo zamani, wala si zamani za sungura na fisi, ni zamani za babu zenu tu, palikuwa na mji mmoja huko Uingereza, mji wa mvua, na ndani yake jumba moja la michezo ya kuigiza. Sogeeni karibu. Na wewe mwenye karanga, tafuna taratibu, maana leo hukumu sitoi mimi. Hukumu mtatoa nyinyi.

Katika jumba lile alikuwapo msichana aliyeitwa Hester Garroway. Miaka minne yuko jukwaani, na miaka minne kazi yake ni kubeba sinia. Anaingia, anasema, "Chai iko tayari, Bibi," anatoka. Watu wanakohoa, wanamsahau. Lakini Hester alilipenda jukwaa hata na sinia lake, na hakutaka kazi nyingine duniani.

Sasa shikeni desturi ya jumba lile, maana kisa chote kimekaa hapo. Kila wiki walicheza mchezo mpya. Asubuhi wanajifunza mchezo wa wiki ijayo, alasiri wanacheza wa wiki hii. Wiki ile mchezo wa alasiri ulikuwa wa msiba: mfalme anauawa, malkia anamlilia. Wa asubuhi ulikuwa wa kuchekesha, na humo Hester, kama kawaida, ana sinia.

Jumamosi, mwigizaji wa malkia akaamka na mafua, sauti imekwenda. Bwana Cropper, mwenye jumba, akamwita Hester.

"Maneno ya malkia unayajua?"

"Nayajua, Bwana."

"Basi leo ni wewe. Ukiniharibia, Jumatatu unarudi kwenu kukanda mikate."

Hester akafurahi, akaogopa, akafurahi tena.

Watu watatu walikuwa naye siku ile. Wa kwanza ni Mabel, fundi wa nguo. Gauni la malkia lilikuwa la mama mnene, Hester angeingia humo mara mbili. Mabel akapunguza, akashona, hakutia kitu mdomoni tangu asubuhi, na saa ilipofika akamalizia kwa pini. Wa pili ni Bwana Septimus, mnong'onezaji mwenye miwani. Kazi yake ni kukaa nyuma ya pazia na kitabu cha mchezo, mwigizaji akisahau, amnong'oneze neno. Wa tatu ni Bwana Bartholomew, aliyekuwa mfalme. Kazi yake alasiri ile ilikuwa kufa, kisha kutulia.

Pazia likafunguka. Mfalme akafa, tena akafa vizuri. Malkia akapiga magoti, akafumbua kinywa, na maneno yote yakamruka kichwani. Akatupa jicho pembeni. Septimus akafungua kitabu mbio mbio, kumbe alichokishika ni kile cha asubuhi. Akanong'ona. Na Hester, kwa ile hofu, akapaza sauti ya kilio, machozi yanamtiririka: "Chai iko tayari, Bibi!"

Na maiti akajibu: "Kwangu sukari vijiko viwili."

Niacheni nicheke kwanza. Ukumbi mzima uliangua kicheko. Hester akainuka akimbie, kumbe pini moja ya Mabel imenasa kwenye joho la mfalme. Malkia hatua moja, maiti hatua moja. Malkia hatua mbili, maiti yuko nyuma, anaburutwa. Hester akasimama. Akageuka. Akamtazama marehemu wake kwa huzuni, akamwambia, "Hata kufa, mume wangu, kumekushinda?"

Watu walicheka mpaka wakashikana mabega.

Bwana Cropper hakucheka. Pazia liliposhuka alikuwa ameshafika jukwaani.

"Nani kaniharibia msiba wangu?"

"Si mimi," akasema Mabel. "Ni pini."

"Si mimi," akasema Septimus. "Ni miwani."

"Si mimi," akasema Bartholomew. "Mimi nilikuwa maiti. Maiti hana kosa."

Hester akawatazama mmoja mmoja. Alijua kila mmoja ana watu nyumbani wanaomtegemea. Akasema, "Ni mimi, Bwana." Akaenda kufunga sanduku lake, na wale watatu wakatazama viatu vyao.

Jumatatu yuko kituoni anangoja treni. Huku nyuma, watu wamejipanga mlangoni pa jumba kwenye mvua, wanautaka ule msiba wa kuchekesha. Bwana Cropper akatoka mbio bila kofia, akamkuta Hester mguu mmoja umeshapanda.

"Rudi, binti yangu! Rudi uniharibie tena!"

Akarudi. Na kurudi kule ndiko kulikomfanya Hester Garroway mnayemsikia. Akacheza mama mwenye nyumba ya kupangisha, akacheza muuguzi mkali, akacheza bibi mkubwa mwenye manyoya kofiani. Watu wa sinema wakamfuata. Katika sinema moja alitumbukizwa bwawani mara kumi na moja siku moja, maji ya baridi, na mara ya kumi na moja akaibuka na chura mkononi akamuuliza, "Na wewe wanakulipa?" Wakaiacha hivyo hivyo. Watoto mitaani waliiga mwendo wake. Ila kila akimaliza sinema alirudi jukwaani. Alisema kamera haicheki.

Miaka arobaini na mitano ikapita kwa vicheko. Goti likachoka. Hester akasema, sasa basi, na alasiri ya kuaga akaichezea katika jumba lile lile la mwanzo. Akawaalika Mabel, Septimus na Bartholomew, wazee sasa, akawaweka nyuma ya pazia. Mchezo ukaisha, makofi yakaanza, yakakataa kukoma. Ilibaki pazia lifunguliwe mara moja ya mwisho, Hester atoke kuinama mbele ya watu.

Mkono wake wa kulia ulikuwa na mkongojo. Wa kushoto ulikuwa mtupu.

"Nataka kutoka na mmoja wenu," akasema. "Yule aliyenifikisha hapa. Ningekuwa na mikono minne ningewachukua wote."

Mabel akasema, "Ni mimi. Bila pini yangu ungekimbia ukapotea. Pini ndiyo iliyokugeuza, ukasema lile neno lako. Tena sikukosa kwa uvivu, nilikosa kwa kukuhangaikia na njaa yangu tumboni."

Septimus akasema, "Ni mimi. Bila neno langu ungebaki kimya wakakuzomea. Mimi nilikosa kwa uzembe, nakiri, kitabu sikukitazama. Lakini miaka hamsini nimekaa nyuma ya hili pazia, Hester. Hakuna aliyewahi kuniona uso, hakuna aliyewahi kunipigia kofi moja."

Bartholomew akasema, "Ni mimi. Neno la Septimus peke yake lilikuwa aibu tupu, jibu langu ndilo lililoligeuza kichekesho. Na leo niseme ukweli: sikujibu kwa mazoea ya ule mchezo wa asubuhi, ambamo jibu lile la sukari lilikuwa langu. Nilikuona unazama, nikasema moyoni, heri tuaibike wawili."

"Mwongo!" akasema Septimus. "Ulikuwa umesinzia!"

"Na kama alikusudia," akasema Mabel, "mbona mbele ya Cropper alikufa tena?"

Bartholomew akainamisha kichwa. "Pale niliogopa," akasema. "Kama nyinyi."

Hester akawatazama, na akaanza kucheka, kicheko kile kile kilichowalisha watu furaha miaka yote ile, na machozi yanamtoka. Kamba ikavutwa. Pazia likaanza kupanda. Akaunyoosha mkono wa kushoto.

Mimi mwisho wa ninalolijua ni hapo. Kuna aliyeshona kwa njaa akakosea. Kuna aliyezembea, naye hajawahi kupigiwa kofi. Kuna aliyejitosa, au anasema alijitosa. Na wote watatu walimwacha peke yake mbele ya Cropper. Wewe wa nyuma, usiniambie angetoka peke yake, mkono ameunyoosha mwenyewe, na watu wamesimama wanapiga makofi.

Haya, semeni. Nani alistahili mkono ule?