Jani Moja la Isale

Hapo zamani, wala si zamani ile ya sungura na fisi, bali zamani ambayo wenyewe wako hai na bado hawasalimiani, mlima ulishuka juu ya mtaa mmoja wa mgombani. Masika yalikuwa yamenyesha bila kupumzika. Udongo ukakatika, ukateremka na migomba, ukateremka na mibuni, ukateremka na nyumba, ukaenda kusimama bondeni. Watu walichimba. Waliopatikana walizikwa. Wengine hawakupatikana.

Aminieli hakupatikana. Alikuwa ametoka na jembe kwenda kugeuza mfereji ili maji yasiingie kwa jirani. Jembe lilipatikana. Yeye hakupatikana.

Mkewe aliitwa Ndeshukurwa. Ukoo ukafanya kama ulivyozoea kufanya mtu wake asiporudi. Walikata mgomba wa urefu wa Aminieli, wakauvisha koti lake, wakauzika pale lilipookotwa jembe. Wakapanda masale kuzunguka. Isale, kwa asiyelijua, ni mmea wa majani marefu ambao kule mlimani hupandwa mipakani na makaburini. Mtu akikukosea, kisha akakuletea jani la isale mkononi, amekiri kosa lake, nawe huna ruhusa ya kumfukuza.

Hawakuweka msalaba. Hawakuweka saruji. Ukoo ule ulikuwa na mwiko: mahali pa mtu ambaye hajarudi hapaitwi kaburi, na hapafunikwi. Mlima ukimrudisha, hata kama ni mfupa mmoja, ataingia hapo. Mwenye kupaita kaburi amemfungia mlango.

Ndeshukurwa akaushika mwiko. Kila Jumamosi alikwenda kupalilia masale. Watu wakimuuliza anakwenda wapi, alijibu, "Nakwenda kwa Aminieli."

Miaka ikapita. Ikaundwa kamati ya kuwakumbuka waliofunikwa na mlima. Mwenyekiti wake alikuwa Ndekirwa, mtoto wa baba mdogo wa Aminieli. Siku mgomba ule uliposhushwa shimoni, Ndekirwa ndiye aliyeshika upande wa kichwa. Liwekeni hilo moyoni.

Kamati ikasimamisha jiwe lenye majina. Ikachora njia. Ikasimika nguzo zenye namba. Watu wa kuongoza wageni haikuwaajiri. Langoni mgeni alipewa kisanduku cha kuning'iniza shingoni na hedifoni za kuvaa masikioni. Akifika kwenye nguzo anabonyeza namba, sauti inamweleza kilichotokea hapo. Anatembea peke yake. Haulizi mtu, wala haulizwi.

Kabla njia haijachimbwa, Ndekirwa aliita mkutano. Akasema, "Jamani, kuna mwenye kaburi katika eneo hili? Aseme sasa, asije kusema kesho."

Ndeshukurwa alikuwa amekaa mbele. Akanyamaza.

Ndekirwa akauliza mara ya pili, safari hii akimtazama yeye. Ndeshukurwa akanyamaza. Mkutano ukaafikiana kwamba hakuna kaburi.

Hata hivyo, njia ilipochimbwa haikuyagusa masale. Ilipofika karibu nayo ilipinda, ikapita kushoto, kisha ikanyooka tena. Ndekirwa ndiye aliyeipinda. Hakumwambia mtu kwa nini.

Ikabaki sauti. Kamati ikampa kazi Wilbald, msomaji wa habari wa redio mjini. Wilbald hakupanda mlimani. Alipelekewa maandishi na picha, akafungiwa studio, akasoma. Alipofika nguzo ya tano, ile iliyosimama pale njia ilipopinda, aliona maelezo yanakatika ghafla. Akatazama picha. Upande wa kulia aliona nyasi, na ng'ambo ya nyasi aliona bonde. Akaongeza sentensi yake mwenyewe: "Na sasa, msikilizaji, sogea kulia hatua chache. Simama hapo. Litazame bonde lililowapokea wapendwa wetu."

Kamati ikakaa ukumbini ikasikiliza. Wengine wakafuta machozi. Sauti ikapitishwa. Hakuna hata mmoja aliyekwenda kuisikiliza akiwa amesimama kwenye nguzo ya tano.

Miguu ikaja. Ikaja miguu ya wanafunzi, ikabonyeza tano, ikasogea kulia. Ikaja miguu ya wanakwaya, ikabonyeza tano, ikasogea kulia. Ikaja miguu ya wageni kutoka ng'ambo, nayo ikasogea kulia. Masale yakalala, kisha yakakatika. Jumamosi Ndeshukurwa alipanda mengine. Jumapili yakakanyagwa.

Alikwenda kwa mwenyekiti. "Shemeji, watu wanapita juu ya Aminieli."

"Nimesikia, shemeji. Nitaliangalia."

Mvua ikanyesha. Pale penye miguu pakawa tope. Bibi mmoja mgeni akateleza, akavunjika nyonga. Wilaya ikaandika barua: parekebishwe, la sivyo jiwe na majina yake vihamishiwe mjini. Ndekirwa akaagiza saruji. Mafundi wakauliza imwagwe wapi. Wakaambiwa, "Pale watu wanapoteleza." Wakaimwaga.

Siku hizo Ndeshukurwa alikuwa kwa binti yake, aliyekuwa amejifungua. Aliporudi, Jumamosi, alichukua kijembe chake akaenda kupalilia. Akakuta saruji. Pembeni yake limebaki isale moja. Na juu ya saruji amesimama mwanamume mwenye hedifoni, anapiga picha bonde.

Mwanamume huyo aliitwa Exaud. Alizaliwa kijiji kilekile, akakulia Dodoma. Jina la baba yake limo kwenye jiwe.

"Hujambo, mwanangu," Ndeshukurwa alisema. "Shuka hapo."

Exaud akamwona, akainua dole gumba.

"Mwanangu, shuka! Umemkanyaga mtu!"

Ndeshukurwa akamtikisia ngumi. Exaud akatabasamu, akainua dole gumba tena.

Ndeshukurwa akapanda juu ya saruji, akazishika zile hedifoni, akazivuta kichwani mwa kijana, akazipiga chini mpaka zikawa vipande. Waya ukamchana Exaud sikio. Mlinzi akaja mbio. Watu wakajaa.

Kamati ikaita kikao ukumbini. Wilbald akaletwa kutoka mjini. Exaud akaja na plasta sikioni. Ndekirwa akafungua.

"Shemeji, mgeni umemjeruhi, na kifaa cha kamati umekivunja. Desturi unaijua. Chuma jani la isale, mpe kijana mkononi, yaishe."

Ndeshukurwa akacheka mpaka akashika meza. "Nilichume wapi, shemeji? Masale yangu mmeyafunika kwa saruji."

"Pale hapakuwa na kaburi. Niliuliza mara mbili, mbele ya watu wote hawa."

"Uliuliza neno ambalo ulijua siwezi kulijibu! Wewe si mtoto wa ukoo ule? Hukuwapo? Hukushika upande wa kichwa?"

"Nilishika mgomba."

"Rudia," Ndeshukurwa alisema.

"Nilishika mgomba, shemeji. Ndani yake sikumwona ndugu yangu, na Mungu anajua nilitaka kumwona. Lakini hata hivyo niliukwepa. Njia niliipinda. Wajumbe wakanicheka, wakaniuliza kama njia imelewa. Sikuwajibu, maana mwiko unaokufunga wewe unanifunga na mimi. Sasa nani aliyewapeleka watu kulia? Ni mimi? Na jiwe lingehamishwa, jina la Aminieli lingekaa karibu na stendi ya mabasi, wapiga debe wakiliegemea. Ungefurahi?"

"Nilikuja kwako kabla ya saruji. Ulisema utaliangalia."

"Nililiangalia."

"Ndiyo. Ukaona miguu imekosea njia, ukaitengenezea njia."

Macho yakamgeukia Wilbald. Akasimama, akakohoa kama mtu anayeingia hewani.

"Mimi nililetewa karatasi na picha," alisema. "Katika picha niliona nyasi. Mngeandika kwamba hapa pana mtu, nisingesema sogea."

"Ulishindwa nini kupanda uje uangalie?" Ndeshukurwa aliuliza.

"Mama, mimi ni msomaji. Nimesoma habari za vita vingi ambavyo sikupigana."

"Na huko vitani nako ulimwambia mtu asogee kulia?"

Mtu wa nyuma akapaza sauti, "Hapo kanasa!" Wengine wakacheka. Wilbald akangoja wamalize.

"Sentensi ni yangu. Sikatai. Lakini mlikaa humuhumu mkaisikiliza, mkalia, mkapiga makofi. Nyinyi ndio wenye mlima. Kama wenye mlima hawakuisikia hitilafu, mimi wa studio ningeisikiaje? Tena sauti haina mikono. Haimsukumi mtu."

Hapo Exaud akaona kwamba zamu imefika kwake. Akasema, "Mimi nilikuja kumsikiliza baba yangu. Nilisimama pale niliposimamishwa. Mtu akipewa njia, kosa lake ni nini akiifuata?"

Ndeshukurwa akamsogelea. "Pembeni ya saruji pana isale limebaki. Uliliona?"

Exaud akatazama chini.

"Nakuuliza, mwanangu. Uliliona?"

"Nililiona."

"Ukajua ni nini?"

"Nilijua. Nyumbani Dodoma mama yangu analo uani. Nikajiuliza linafanya nini pale. Halafu sauti ikasema simama hapo, nikafikiri wenye sauti wanajua kuliko mimi."

"Huyu hakuona," Ndeshukurwa alisema, akimwonyesha Wilbald. "Wewe uliona. Macho unayo, desturi unayo, ukaazima masikio! Na nilipokuita?"

"Nilidhani unanisalimia."

"Kwa ngumi?"

Watu wakacheka tena. Exaud hakucheka. Akavuta plasta yake, akaitupa mezani.

"Basi na mimi nikuulize, mama. Siku ya mkutano ungesema neno moja tu. Si lazima useme kaburi. Ungesema 'kwa Aminieli', kama nilivyosikia unawaambia watu njiani kila Jumamosi. Nani angekulaumu? Umemlinda kwa kunyamaza, na kunyamaza kwako ndiko kulikomfunika. Saruji ilikuja baadaye."

Ndeshukurwa alikaa chini. Ndekirwa akadhani shauri limekwisha, akaanza kukusanya makaratasi yake.

"Nimelisikia," Ndeshukurwa alisema. "Kama ni mimi, semeni ni mimi. Nitachuma jani, nitampelekea Aminieli, na saruji nitaivunja mwenyewe. Lakini semeni. Msikohoe."

Wakakohoa.

Ndekirwa akatafuta pa kutokea. "Jamani, sote tumo. Kesho twende sote, kamati nzima, na ndugu Wilbald, na kijana, na shemeji yangu. Tubebe masale kwa pamoja. Tuombe radhi kwa pamoja."

Ukumbi ukapumua. Makofi yakaanza.

Ndeshukurwa akapiga meza kwa kiganja. "Hapana! Mkishika jani watu wote, nyundo atashika nani? Nawajua. Mtapiga picha, mtakula, mtarudi nyumbani, na saruji itabaki. Kosa la watu wote halina mwenyewe. Mimi nitapokea jani moja, kutoka mkono mmoja. Atakayelibeba ndiye atakayeivunja saruji ile mchana, wageni wakimtazama, na akiulizwa anafanya nini atasema: mimi ndiye niliyemfungia mtu mlango. Asipopatikana huyo, simsamehe yeyote, na nikifa nitakwenda na neno langu."

Akatoka.

Waliobaki walibishana mpaka mchana. Ndekirwa alisema abebe Wilbald, kwa kuwa kabla ya sentensi yake hapakuwa na mguu uliokwenda kulia. Wilbald alisema abebe Ndekirwa, kwa kuwa ndiye pekee aliyejua yote na ndiye aliyeagiza saruji. Wengine walisema abebe Exaud, kwa kuwa ndiye aliyeliona isale akaliruka. Exaud alisema abebe Ndeshukurwa, kwa kuwa aliulizwa mara mbili. Kila mmoja alikuwa na hoja. Kila mmoja alikwenda nyumbani na hoja yake. Jani halijachumwa, na asubuhi lango hufunguliwa kama kawaida.

Sasa nyinyi mliokaa hapa, mlioshiba na msio na haraka, shauri nawatupia nyinyi. Yupo aliyejua akapinda njia, kisha akamwaga saruji. Yupo asiyejua, akawatuma watu mahali asipopaona. Yupo aliyeona kwa macho yake, akaacha kuyaamini. Yupo aliyenyamaza ili mlango usifungwe. Msiniambie ni wote. Jibu hilo mwenyewe amekwisha kulikataa, nami nalikataa, kwa kuwa Aminieli yuko chini ya saruji sasa hivi tunapozungumza.

Je, jani lilistahili kubebwa na mkono wa nani?