Ulimi wa Mhanga na Mtungi wa Ngiri

Paukwa!

Pakawa!

Pakawa shimo!

Shimo la nani?

La aliyelilipia! Haya, alililipia mara ngapi? Mbona mmenyamaza? Kukaa kimya kwenu ndiko kunakonifanya niwasimulie. Sogeeni. Na wewe shemeji, uliyechukua kochi la kulipa polepole, njoo ukae hapa mbele nikuone usoni.

Hapo zamani za kale, wanyama walipokuwa wakiamkiana na kudaiana kama sisi, paliondokea Ngiri. Ngiri mnamjua. Meno nje, vinundu mashavuni, mkia juu. Aliupenda mkia wake kuliko masikio yake. Masikio hakuyatumia sana.

Ngiri alikuwa na mke, jina lake Bi Mashavu, na watoto wanne. Hawakuwa na nyumba. Walilala vichakani. Siku moja Simba akapita kwenye kichaka chao, na alipoondoka, watoto walikuwa watatu.

Bi Mashavu alilia mpaka sauti ikamkauka. Kisha akamwambia mumewe, "Baba watoto, sitaki maneno. Nataka mlango. Nataka mahali ambapo Simba akija, nitaingiza wanangu na yeye atabaki nje."

Katika nchi ile fundi wa kuchimba mashimo alikuwa mmoja, naye ni Mhanga. Mhanga ana pua ndefu, masikio kama ya punda, kucha kama majembe, na ulimi, jamani, ulimi mrefu kuliko subira yangu. Chakula chake ni mchwa. Alichimba shimo leo, kesho akahama akachimba jingine. Mashimo yake yalijaa nchi nzima, na ukitaka moja, unakwenda kwake.

Ngiri akaenda. Alimkuta mjane mmoja, Bibi Nungunungu, naye amekuja kutafuta shimo, amekaa chini na miiba yake, amenuna.

"Shikamoo, Fundi," alisema Ngiri.

"Marahaba. Shimo, sivyo?"

"Shimo."

Mhanga akatoa mtungi, akauweka katikati yao. "Shimo langu bei yake ni mtungi mmoja wa mchwa, kila mtu na mtungi wake. Mtungi ukijaa, shimo ni lako na la watoto wako. Huna mchwa leo? Hakuna tabu. Ingia, kaa. Kila mwezi ukiandama utaniletea kibuyu kimoja. Lakini mimi nitakuwa nangoja, na anayengoja huona njaa. Kwa hiyo katika kila kibuyu ulimi wangu utatangulia kula, kwa ajili ya njaa ya kungoja. Kitakachobaki ndicho nitakachomimina mtungini. Na njaa yangu inafuata pengo la mtungi. Mtungi ukiwa mtupu, njaa ni kubwa. Ukikaribia kujaa, njaa ni ndogo. Mmenielewa?"

"Nimekuelewa," alisema Ngiri.

Mwongo huyo. Alikuwa anautazama mlango.

Na jambo hili mliweke akilini: Mhanga hakudanganya hata neno moja. Alisema yote, mchana kweupe, kwa sauti. Angekuwa amedanganya, ningemtukana yeye. Sasa sina budi kumtukana Ngiri.

Mhanga akatoa vibuyu vitatu. Cha kwanza kikubwa. "Hiki kitawaumiza," alisema. "Mtajinyima misimu kadhaa, lakini mtungi utajaa upesi." Cha pili cha wastani. "Hiki kitawaumiza kidogo, kwa muda mrefu zaidi." Cha tatu kidogo, kinakaa mkononi kama yai. "Hiki hamtakisikia kabisa. Ila tutazeeka pamoja."

Bibi Nungunungu akainua uso. "Fundi, nijibu swali moja. Nikichukua kikubwa, mpaka mtungi ujae, jumla nitakuwa nimekuletea mchwa wa kiasi gani? Na cha wastani? Na hicho kidogo?"

Ngiri akaangua kicheko. Katika ukoo wa ngiri, kuuliza jumla ni aibu. Anayeuliza jumla ni fukara, anajulisha watu kwamba hana. Ngiri mwenye heshima zake huuliza kitu kimoja tu: kwa mwezi ni kiasi gani? Basi. Kwa hiyo alicheka, akajigaragaza, akapiga kwato chini, na jibu la Mhanga likapotea lote ndani ya kicheko chake.

Bibi Nungunungu alikuwa karibu, akalisikia. Akachukua kibuyu kikubwa, akaondoka amenuna vilevile. Hata mimi ningenuna.

Ngiri akachukua kidogo. Akaenda kulikagua shimo lake kwa desturi ya ukoo wao. Ngiri haingii nyumbani kwa kichwa, huingia kinyumenyume, matako mbele. Basi akaingia hivyo, na kichwa chake kikabaki mlangoni kinaangalia nje, kuona nani anamwona. Ndani hakukutazama. Akaimba:

*Kibuyu kidogo, sikisikii!*
*Mkia juu, nami nina mji!*

"Ulimuuliza jumla?" alisema Bi Mashavu.

"Unataka niaibike? Kibuyu chenyewe watoto wanaweza kukichezea!"

Bi Mashavu akawatazama watoto watatu waliokuwa wamelala ndani kwa mara ya kwanza bila kushtuka. 

Mwezi ukaandama. Ngiri akapiga magoti kwenye kichuguu, akachimba kwa pua na meno, akajaza kibuyu, akakipeleka mkia juu. Mhanga akauingiza ulimi. Shwaa! Ukaingia, ukatoka, ukalamba pembeni. Kisha akakiinamisha kibuyu juu ya mtungi. Wakadondoka mchwa watatu. Mmoja alikuwa ameshakufa.

"Mambo yanakwenda," alisema Ngiri.

Yanakwenda wapi? Mniambie nyinyi! Kibuyu kizima kimeingia tumboni mwa Mhanga, mtungini wameingia watatu, naye anasema mambo yanakwenda.

Mwezi wa pili, shwaa! Wakadondoka watatu. Mwezi wa tatu, shwaa! Watatu. Na Ngiri anaimba:

*Kibuyu kidogo, sikisikii!*
*Mkia juu, nami nina mji!*

Mvua zikaja, kumbikumbi wakatoka ardhini mpaka anga likawa jeusi. Mhanga akawatangazia wote, "Mwenye cha ziada alete. Cha ziada sikilambi, kinaingia mtungini moja kwa moja." Bibi Nungunungu akaleta makapu. Bi Mashavu naye akajaza kapu, akalifunga vizuri, akamwambia mumewe, "Peleka hili."

"Nitapelekaje na watu hawajaiona nyumba yetu?" alisema Ngiri. Akafanya karamu. Pundamilia akala, Kima akala, Mbuni akala na kapu lenyewe. Waliisifu nyumba wakiwa wameketi nje, kwa sababu ndani hawakutosha.

Mwaka mwingine kichuguu kikubwa kikaporomoka mbele ya mlango wao. Mchwa bure, wa kuzoa tu! Bi Mashavu akasema, "Safari hii tupeleke, mume wangu. Nakuomba." Ngiri akawazoa mchwa wote, akaenda kuwabadilisha kwa Nyani, akapewa udongo mwekundu wa kupaka mlangoni. Mlango ukang'aa. Mvua ya kwanza ikauosha.

Bibi Nungunungu, wakati huo, alikuwa amekonda. Alipita njiani na kibuyu chake kikubwa, miiba imelegea, na Ngiri akamcheka, "Bibi, nyumba gani hiyo inayomla mwenyewe?" Akaendelea na njia yake. Baada ya misimu michache mtungi wake ukajaa. Mhanga akausimamisha, akautikisa, akasema, "Shimo ni lako." Bibi Nungunungu akaingia ndani akalala siku nzima, na hakuna aliyethubutu kumwamsha.

Kisha ukaja ukame. Vichuguu vikawa vigumu kama mawe. Ngiri akachelewesha kibuyu, akaja kwa Mhanga mkia umeshuka.

"Usihangaike, ndugu yangu," alisema Mhanga. "Nakuhurumia. Nitakupa kibuyu kichanga, nusu ya hicho. Ila njaa yangu haitashiba kwa hicho. Itakayobaki, nitaichota mtungini."

Mmesikia? Atachota mtungini! Wale mchwa watatu watatu, wa miaka yote ile, atawachota! Mjinga gani angekubali?

Ngiri alicheza ngoma. Alirudi nyumbani anaruka, mkia juu, anaimba:

*Kibuyu kichanga, sikisikii kabisa!*

Bi Mashavu akasikia habari hiyo. Alikwenda akakaa nje ya shimo lake, akakaa mpaka jua likazama.

Ukame ukaisha, kibuyu kichanga kikabaki. Shwaa, na hakidondoki kitu. Shwaa, na mtungi unashuka. Bi Mashavu ndiye aliyekwenda kwa Mhanga, akakirudisha, akachukua tena kile cha zamani. Ngiri akanung'unika kwamba mkewe anamwaibisha. Watoto wakakua, nao wakapiga magoti kwenye vichuguu kumsaidia baba yao. Hawakujua mchezo. Walijua kichuguu, kibuyu na njia ya kwenda kwa Mhanga. Walipooa na kuolewa, walichimba bado. Magoti ya familia nzima yakaota sugu.

Na Mhanga? Mhanga akanenepa. Alichimba mashimo mapya, akayagawa kwa wengine, na tumbo lake likaburutika ardhini kwa mchwa wa Ngiri.

Siku moja, Ngiri akiwa ameshazeeka, meno yamechakaa na mkia una nywele mbili tu, mtungi ukajaa. Mhanga akautikisa, akasema, "Shimo ni lako."

Ngiri akataka kuimba. Bi Mashavu akamzuia kwa mkono. Akamgeukia Mhanga.

"Fundi, ile siku ya kwanza Bibi Nungunungu alikuuliza swali. Jibu lilikuwa nini?"

"Nililitoa kwa sauti," alisema Mhanga.

"Najua. Mume wangu alikuwa anacheka. Sasa hacheki. Litoe tena."

Mhanga akakohoa. "Nilisema, kwa kibuyu kikubwa utakuwa umeleta mtungi mmoja na nusu. Kwa cha wastani, mitungi miwili. Kwa kidogo, mitungi mitatu. Na nyinyi, kwa sababu ya kile kichanga, mmeleta minne."

 Ngiri akaushusha mkia.

"Minne," alisema Bi Mashavu. "Mashimo manne. Tumelala katika moja, na matatu tumeyalisha ulimi. Watoto wetu walikuwa watatu, Ngiri. Kila mtoto angekuwa na shimo lake leo. Mimi niliomba mlango, nawe ukanipa, sikatai. Simba hakuingia. Lakini umenifanya niishi umri mzima na kitu kinachowala wanangu polepole, nami nakiamkia shikamoo kila mwezi."

Ngiri akajitetea kwa sauti ndogo. "Lakini kilikuwa kidogo. Sikukisikia."

"Hukukisikia wewe," alisema mkewe. "Njoo uone."

Akampeleka nyumbani. Mkwe wao alikuwa amejifungua asubuhi ile. Bi Mashavu akamchukua mjukuu, bado ana unyevu, hajafungua macho, hajawahi kukanyaga kichuguu. Akamgeuza taratibu, akamwonyesha babu yake miguu ya mbele.

Magotini palikuwa na sugu.

Ngiri akazigusa kwa pua. Zilikuwa ngumu kama zake. Hapo ndipo alipolia, na mimi, pamoja na kumchukia kwangu kote, siwezi kuwaambia kwamba nilicheka.

Tangu siku ile mpaka leo, kila mtoto wa ngiri huzaliwa na sugu magotini, kabla hajala hata jani moja. Mkimwona anakula, mtamkuta amepiga magoti. Watu husema ni maumbile. Maumbile gani! Ni kibuyu kidogo hicho, cha babu yao aliyeona aibu kuuliza.

Basi funzo lake ni hili, na wewe shemeji acha kuangalia dari. Anayekukopesha nyumba akikuambia kila mwezi utatoa kidogo, usiulize kidogo hicho kitakuuma au hakitakuuma. Uliza utatoa mpaka lini, na siku ya mwisho jumla itakuwa nini. Uliza mbele za watu, uliza mara mbili, wakikucheka waache wacheke. Ukiwa na cha ziada, kipeleke mtungini kabla ya kupaka mlango rangi. Na ukipunguziwa mzigo kwa kuongezewa miaka, usicheze ngoma.

Hadithi yangu naifukia hapa. Aliyeisikia aende nayo kwake, na akifika mlangoni, aingie kichwa mbele.