Kalunguyeye Alivyomkaribisha Kinyume

Paukwa!

Pakawa!

Palikuwa na nini?

Palikuwa na kila kitu, na Kinyume chake!

Sawasawa. Basi hapo zamani za kale, kabla hata jana haijazaliwa, kila kilichoumbwa kilikuwa na pacha wake, aitwaye Kinyume. Sura ilikuwa moja, lakini ukisema twende, Kinyume anakaa. Ukisema kaa, huyoo, keshakwenda. Na wawili hao walipogusana tu, pwaa! Wote wakageuka mwanga. Hata unywele haukubaki.

Swala akakumbatiana na Kinyume wake. Pwaa! Njiwa naye, pwaa! Dunia iling'aa kwelikweli, lakini ilikuwa inakwisha.

Kalunguyeye, yule mdogo mwenye miiba, alikuwa akiwapikia wanawe uji. Mara akamwona Kinyume wake anakuja, mikono wazi.

"Dada, usije!" akalia.

Kinyume akaja.

"Simama hapo hapo!"

Kinyume akakaza mwendo.

"Rudi kwenu, nina watoto mimi!"

Kinyume akaingia uani, anacheka. "Pacha wangu, tukumbatiane!"

Kalunguyeye akajikunja mbele ya wanawe, macho kafumba. Aliogopa, jamani, aliogopa hasa. Lakini mwiko ulikuwa mkononi, uji unatokota, na mdomo uliozoea wageni haungoji ruhusa. Ukamponyoka: "Karibu uji, dada."

Kinyume akasita. "Sitaki," akasema, akarudi nyuma.

Heh! Kalunguyeye akafumbua jicho moja. "Karibu ukae!"

"Sikai!"

"Basi lala hapa hapa, dada yangu, usiondoke kamwe!"

"Naondoka!" Kinyume akatimua mbio, akapita vilima, akapita mawingu, akapita na mwisho wa mbingu.

Majirani waliosalia, wachache mno, walikuwa wakichungulia. Wakaiga. Katika kila ua ikawa ni karibu, karibu! Akina Kinyume wakakimbia wote. Sisi tumetokana na hao wachache, na mwanga wa wale waliogusana bado umezagaa mbinguni.

Kalunguyeye akawapakulia wanawe uji.

Mmesikia, wanangu? Anayebisha kila neno hujifukuza mwenyewe, hata pale anapokaribishwa. Na ukarimu uuzoee mapema, maana siku ya hofu utasema ulichozoea tu.

Ngano yangu imefika chini ya sufuria. Ikiwa tamu, ikombeni nyote. Ikiwa mbaya, niachieni mwenyewe.