Kwa Nini Vyura Hunyamaza Ghafla

Vyura wakinyamaza ghafla ukipita bwawani, unadhani wanakuogopa wewe? Usijipe cheo.

Hapo kale, kabla vyura hawajagawana kingo, neno "nyinyi" halikuwamo katika lugha yao. Walisema "sisi" tu. Hata matusi yao yalikuwa "sisi wapumbavu."

Kiangazi kimoja maji yakaanza kupungua. Bi Chepe, ambaye viluwiluwi wake walikuwa hawajaota hata mguu mmoja, akaitisha baraza. "Jamani, ukingo unavuja. Tulitafute tundu. Wanangu hawajui kutembea."

Ombi jepesi. Lakini Mzee Koromeo, msemaji wa kwanza wa kila baraza, alikohoa akiwa amekalia jiwe lake la ukingoni. "Tundu! Na anayesema ni nani? Mzaliwa wa dimbwini! Mtazameni, macho yamemtoka!"

Wakacheka, macho yakiwa yamewatoka wote.

"Kwa hiyo, Bi Chepe, unataka tulibomoe bwawa la babu zetu?"

"Sijasema hivyo, mzee."

"Mmemsikia? Anakana! Jamani, ama unalipenda bwawa, ama unataka ukame. Chagueni!"

Wapenda bwawa wakahamia ukingo wa mashariki. Waliobaki, ambao nao walilipenda bwawa, wakajikuta ni watu wa magharibi bila kuhama. Hapo ndipo "nyinyi" lilipozaliwa.

"Nyinyi mnaleta ukame!"

"Nyinyi je? Mwaka juzi si mlikula nzi wetu?"

Siku saba hivyo, usiku na mchana, na maji yakawa ya kifundoni. Sasa hao nzi na tundu wapi na wapi? Hakuna aliyeuliza.

Bi Chepe akaacha kujibu. Akashuka topeni, akaanza kuwabeba wanawe kinywani, mmoja mmoja, hadi penye maji kidogo. Aliyejaza watoto kinywani hajibizani. Jirani akamwona, akanyamaza. Wa pili akanyamaza. Kimya kikavuka hadi ng'ambo, na ndipo wote wakasikia: chwi, chwi, chwi. Sauti hiyo ilikuwapo siku zote saba. Ilitoka chini ya jiwe la Mzee Koromeo.

Na tangu siku hiyo vyura hulumbana pande mbili, nyinyi, nyinyi je, kisha katikati ya zogo hukata sauti kwa pamoja. Wanasikiliza panapovuja. Tena wanampa nafasi mwenye neno lake, maana siku ile kimya kilikaa sana kabla mzee hajajikokota kutoka kwenye jiwe.

"Ni mimi," alisema. "Nilitoboa mimi. Nilitaka tu kitanda chenye ubaridi."