Ugwe wa Siwema

Masikio mmekuja nayo? Nauliza tena, mmekuja nayo? Haya, yategeni, na wewe unayetafuna hapo nyuma, meza kwanza. Ilikuwa zamani, zamani za kale, mbingu ilipokuwa bado shamba.

Msicheke. Mbingu ilikuwa shamba. Katika nchi ya Kivumbi hapakuwa na mto wala kisima. Ukichimba unakuta vumbi, ukizidi kuchimba unakuta vumbi lenye hasira. Maji yalitoka juu. Kila nyumba ilikuwa na mwelea wake, mmea mpana kama paa, usiojua udongo, unaoelea hewani huku mizizi yake inaning'inia. Ulifungwa kwa kamba kwenye kigingi uani, na mchana kutwa mizizi ikidondosha maji mtungini: to, to, to. Watu wakanywa, wakapika, wakaoga.

Lakini mwelea nao ulihitaji kunywa, wajukuu zangu. Kila mwaka, ulipochanua, watu waliufungua upepo uuchukue juu, juu kabisa, kwenye mawingu ya baridi, ukashibe, kisha urudi wenyewe kigingini kwake. Wakati huo wote watu walikunywa akiba ya mitungini. Hiyo ndiyo ilikuwa ada yao.

Sasa, alikuwako mjane, jina lake Siwema, na binti yake mmoja tu, Mize. Mtoto mwenyewe dhaifu, homa haimtoki, kutwa ni maji, mama, maji. Na mwaka uliotangulia, mwelea wa nyumba moja ulikwenda usirudi. Siwema aliwaona wenye nyumba ile wakizunguka na kata mkononi, wakiomba maji mlango kwa mlango, mpaka kitoto chao kikafa. Tangu siku hiyo hakuwa na raha. Aliutazama mwelea, akamtazama Mize, roho ikamruka.

Basi maua yakachanua. Siku moja kabla ya kufungua, adhuhuri, watu wamejilaza kwa joto, Siwema alichukua ugwe wa katani, mwembamba, usioonekana mpaka uusogelee. Ncha moja akaifunga kwenye mzizi, ya pili kwenye kigingi.

"Wangu mmoja tu," akajisemea. "Mmoja ukibaki, nani atadhurika?"

Yashikeni maneno hayo. Wangu mmoja tu.

Asubuhi yake Mzee Makungu, jirani yake, ambaye ndiye aliyekuwa na kazi ya kutoa sauti, akasimama barazani. "Enyi wenye mielea, fungueni!" Kamba zikafunguliwa mji mzima, vigelegele vikapigwa. Mielea ikapanda. Ikapanda, ikapanda, ikasita. Yote!

Siwema akaangaza huku na huku. Alijua kwa nini wake umesita. Ya wenzake je?

"Upepo haujaja," akasema Mzee Makungu, bila kumtazama mtu usoni.

"Kweli, baba, upepo haujaja," akadakia Siwema, na moyo wake ukatulia. Kumbe ni upepo! Basi ugwe wake haukuharibu kitu.

Kesho yake, upepo haujaja. Mwezi ukaandama, upepo haujaja. Maua yakapukutika, upepo haujaja. Semeni nanyi: upepo... Haujaja! Ehee. Mji mzima ulikuwa na neno hilo moja mdomoni, wazee kwa vijana, na kila aliyelisema aliliharakisha.

Mize alikuwa amelala mkekani uani. Akatazama nguo zilizoanikwa.

"Mama, mbona nguo zinapepea?"

"Pumzika, mwanangu."

"Na vumbi linaruka. Upepo si ndio huu? Nikamuulize Babu Makungu?"

Siwema akamziba mdomo kwa kiganja. Mama mwenye mapenzi yale yote! Mimi kila nikifika hapa nataka kuingia ndani ya kisa nimshike ule mkono. "Usiulize," akamnong'oneza. "Ukiuliza watakuja kutazama. Tutaaibika peke yetu." Mize akanyamaza, na hakuuliza tena.

Huko juu mielea ikaanza kuwa ya manjano. Mitungi ikafika chini. To, ikasema mizizi, halafu kimya kirefu, halafu to. Halafu kimya tu.

Wa kwanza kuanguka ulikuwa wa Mzee Makungu. Ulianguka uani kwake, mkavu, ukavunjikavunjika. Watu wakakimbilia huko, Siwema naye. Na katikati ya majani yale wote wakauona: ugwe wa katani, mwembamba, umefungwa kwenye mzizi.

Hakuna aliyemcheka mzee. Hakuna aliyemlaumu. Kila mmoja aligeuka akakimbilia kwake, na hapo Siwema akaelewa. Mji mzima, nyumba kwa nyumba: wangu mmoja tu.

Naye alikimbia kwake, akashika kisu akaukata ugwe. "Nenda!" akalia. "Nenda ukanywe! Nakuomba, nenda!" Mwelea haukupanda. Uliteremka polepole, kama mtu aliyechoka anayetafuta pa kukaa, ukajilaza uani karibu na mkeka.

Mize akafumbua macho. Midomo yake ilikuwa imepasuka.

"Mama, upepo umekuja?"

"Umekuja, mwanangu."

"Basi mwelea utarudi na maji."

"Utarudi," akasema Siwema, na akaendelea kusema utarudi, utarudi, hata mtoto alipokuwa hasikii tena.

Waliobaki waliihama Kivumbi. Siwema hakuhama. Alisema hawezi kumwacha Mize peke yake pale uani.

Ndiyo maana leo mkitazama juu hamwoni kitu. Nanyi wanangu, mkiona nguo zinapepea na wakubwa wanasema hakuna upepo, ulizeni. Tukiwaziba midomo, tung'ateni viganja.

Kisa changu nilikifunga, sasa nimekifungua. Na kiende, wala sikukibakizia ugwe.