Tajiri Aliyetunga Asichokisoma

Palikuwa na tajiri mmoja huko Hollywood, mji wa sinema, jina lake Harlan Pruitt. Studio yake, taa zake, hata paka wa getini wake. Wala hayo hayakumtosha. Kila filamu ya vichekesho iliyotoka kwake ilianza kwa herufi kubwa: Imetungwa na Harlan Pruitt. Na jamani, mtu huyu hajapata kutunga hata salamu. Kusoma kwenyewe kulimletea usingizi.

Mtunzi hasa alikuwa Milton Zabel, kijana maskini mwenye ulimi mkali, aliyegonga taipureta katika kijichumba nyuma ya jiko la studio. Marekani nzima ilivunjika mbavu kwa maneno yake, mwenyewe hajulikani. Kilichomuuma ni mama yake. Maskini, kila filamu mpya alikwenda, akakaa mpaka taa ziwashwe, analitafuta jina la mwanawe asilione. Majirani walishaanza kumwambia kwa upole kwamba huenda kijana anaosha vyombo huko.

Basi Zabel akajikaza, akamwendea tajiri.

"Bwana mkubwa, naomba jina langu lionekane. Hata kwa herufi ndogo."

"Lifanye nini?"

"Limsalimie mama yangu."

"Mwandikie barua."

"Barua zangu haziamini tena. Anasema natunga."

"Sikiliza, Zabel. Kila neno linalotoka humu ndani ni langu."

"Hata likiwa baya?"

"Hata kikohozi chako ni changu."

"Basi hii mpya ungeisoma kwanza, bwana."

"Mtu husoma vya wenzake. Vyangu nivisome vya nini?"

Zabel akainama, akashukuru, akarudi kwenye taipureta yake akipiga mluzi.

Sasa, Pruitt alikuwa na mtu mmoja tu aliyemwogopa duniani: mama mkwe wake, Bi Augusta, ambaye ndiye mwenye mtaji wa studio. Nyumbani alimnyenyekea. Ofisini, akishapata kahawa yake, alimteta bila haya mbele ya wafanyakazi: jinsi anavyochovya meno ya bandia kwenye glasi ya mgeni, jinsi anavyomwacha yeye Pruitt amesimama mpaka aambiwe keti. Zabel aliyasikia yote, na yote akayatia kwenye filamu mpya.

Siku ya uzinduzi ukumbi ulifurika. Bi Augusta alikaa mstari wa mbele, mkwewe ubavuni, Zabel nyuma yao. Mama yake Zabel alikaa nyuma kabisa. Jina la Pruitt likapita, likapigiwa makofi. Kisha akatokea mama mkwe anachovya meno kwenye glasi, na kando yake mkwe mmoja mpumbavu, maringo tele, amesimama anangoja kuambiwa keti. Watu hoi kwa kicheko. Pruitt alitota jasho mpaka kola ikalegea.

Taa zilipowaka, Bi Augusta akasimama.

"Harlan, nani ametunga hii?"

"Si mimi, mama."

"Jina nimeliona."

"Jina tu, mama. Mimi tangu nizaliwe sijatunga hata mstari mmoja. Ni huyu hapa."

"Huyu hana jina?"

"Milton Zabel."

"Sema wa nyuma wasikie."

"Milton Zabel," Pruitt akapaza sauti. "Ametunga hii, na zote zilizotangulia."

Kule nyuma bibi mmoja akainuka, akawageukia watu asiowajua, akawaambia, "Mwanangu huyo." Machozi yakamtoka, naye hakuyafuta.

Bi Augusta akamshika Zabel mkono. "Kijana, nimecheka mpaka meno haya yakacheza. Miaka yote najiuliza Harlan kapata wapi akili. Kuanzia leo jina lako ndilo litakaloandikwa."

Pruitt kuona mambo yamegeuka, akajipenyeza katikati yao. "Mama, tusisahauliane. Na mimi nimo humo. Muulize mwenyewe kama sikuchangia."

"Ni kweli, Zabel?"

"Kweli tupu, mama. Maneno nimetunga mimi. Lakini yule mkwe mpumbavu, yule nimepewa na bwana akiwa mzima mzima, sikuongeza kitu."