Zimwi na Hodi Tatu

Paukwa!

Pakawa!

Pakawa gani hiyo, ya wagonjwa? Paukwa!

Pakawa!

Afadhali. Leo nina hasira nanyi, na sababu mnaijua. Jana mlimwonyesha yule mtu wa gunia, mwizi wa mayai, mahali kasa anapotaga. Basi kaeni chini, na asiniulize mtu habari za chakula.

Hapo kale palikuwa na kisiwa kidogo, unakizunguka kwa miguu kabla jua halijawa kali. Kusini mchanga wa kasa, magharibi mikoko, katikati kisima kimoja tu cha maji matamu. Maji ya bahari yakijaa, kisiwa kiko peke yake. Yakitoka, fungu la mchanga linatokeza, mtu anavuka kutoka bara.

Siku moja maji yametoka, zimwi likavuka. Tumbo mbele, lenyewe nyuma! Likafika kusini, likaita, "Hodi!"

Bi Mize, mjane aliyetunza kisima, alikuwa anakuna nazi. Hata uso hakuinua. "Karibu!" akasema, kama tunavyosema sote.

Basi zimwi likaingia, likafukua mayai ya kasa, likala mpaka la mwisho. Bi Mize akaja mbio. "Ewe! Umetumaliza!"

"Si mlisema karibu?" likajibu, likaenda zake.

Siku moja tena, maji yametoka, zimwi hilo mikokoni. "Hodi!"

Safari hii aliyeitika ni Mzee Sharwani, mkubwa wa kisiwa. "Karibu!"

Likatafuna mikoko, mizizi na yote. Kaa wakawa wanakimbia ovyo juani, na mawimbi yakaanza kula ardhi. "Ewe! Umetumaliza!" watu wakalia.

"Si mlisema karibu? Maji yakitoka tena, naja kukausha kisima chenu."

Bi Mize alikasirika kweli. Akawakusanya watu wote. "Kisima kikienda, tumekwisha, hakuna kisiwa tena. Mgeni akipiga hodi tatu asijibiwe, hurudi alikotoka, hata awe zimwi. Asiitike mtu!"

"Lakini Bi Mize," akasema Mzee Sharwani, "si tutaonekana hatuna adabu?"

"Adabu! Adabu yetu imelilisha mayai, imelilisha mikoko, sasa inataka kulinywesha na kisima! Mwenye adabu zake akanywe maji ya chumvi!"

Basi maji yakatoka, zimwi likaja mpaka kisimani.

"Hodi!"

Kimya. Watu wanauma midomo.

"Hodi!"

Kimya. Mzee Sharwani mdomo ukamwasha, akaanza, "Ka..." Bi Mize akamshindilia kipande cha muhogo kinywani, macho yakamtoka pima!

"Hodiii!"

Kimya.

Zimwi likangoja. Likakohoa. Likangoja tena, halijapata kunyimwa karibu tangu lizaliwe. Mwisho likageuka kwa haya. Lakini lilikuwa limekawia mno, maji yamejaa, fungu halionekani. Likaingia hivyo hivyo. Maji magotini, maji kifuani, maji shingoni. Na zimwi likizama hugeuka jiwe.

Ule mwamba mnaouona pale nje ndio kichwa chake. Ndege membe wanaunyea mpaka leo, na waendelee!

Hadithi yangu imeishia hapo. Mimi nimeitua, nyie ibebeni. Mgeni mwema mkaribisheni, mpeni na maji. Anayekuja kuharibu hakaribishwi, hata apige hodi kwa sauti tamu namna gani.

Haya, tuseme mtu wa gunia amerudi, yuko mlangoni. Hodi!

Kimya.

Hodi!

Kimya.

Hodi!

Kimya.

Naam. Sasa nendeni mkale.